Maana ya Jina "Liwali" na Asili Yake

(Maneno yaliyosemwa mbele ya Mkutano Mkuu wa Mwaka)



Kamati imeniagiza niseme machache juu ya jina "liwali", ambalo vijana wetu hulisikia kwa wazee bila kujua lilikotoka.

Asili yake ni Kiarabu. Waarabu husema "al-wali", yaani aliyekabidhiwa mji ili auangalie kwa niaba ya mwingine. Waswahili waliipokea ile "al" pamoja na neno lenyewe, ikawa "liwali". Shina lake ni kuwa karibu na kushika dhamana, na ndugu zake tunao vinywani kila siku: walii anayemwozesha binti, wilaya, na hata kutawala. Walii hammiliki binti. Husimama kwa ajili yake. Basi maana ya kwanza ya cheo hiki ni dhamana, wala si milki.

Mombasa imeona dhamana hiyo ikigeuka. Waomani walipokwisha kuitwaa Ngome ya Yesu mwaka 1698, maliwali waliushika mji kwa jina la Imamu. Ukoo wa Mazrui ukakabidhiwa kazi hiyo. Lakini ukoo wa Busaidi uliposhika enzi ya Oman katika karne ya 18, Mazrui walikataa kuwatii, wakajitawala mpaka Seyyid Said alipowashinda mwaka 1837. Aliyetumwa alikuwa amejifanya mwenyewe.

Kwa mkataba wa mwaka 1895, Waingereza walichukua uendeshaji wa Mwambao, upana wa maili 10 kutoka baharini, na bendera ya Sultani wa Unguja ikaendelea kupepea. Maliwali walibaki katika miji kama Mombasa, Malindi na Lamu, na mahali padogo palikuwa na mamudiri. Liwali alisikiliza mashauri na kufikisha maneno ya watu serikalini. Jina la cheo lilikuwa la Sultani. Mshahara ulitoka kwa Mwingereza.

Wazee wangu, hapa yatupasa kusema kweli. Wako wanaomkumbuka liwali kama baba wa mji. Wako pia wanaomkumbuka kama bwana wa wengine, kwa kuwa cheo kile kilikuwa cha Waarabu, na Mgiriama au Mdigo hakukitarajia kwa mwanawe. Kumbukumbu zote mbili ni za haki, na mmoja asimnyamazishe mwenziwe.

Mapatano ya Oktoba 1963 yaliuunganisha Mwambao na Kenya. Ukadhi ulihifadhiwa, na Katiba ya 2010 inautaja, uliwali ukatoweka.

Cheo kimekwisha, lakini fundisho lake halijaisha. Kila mwaka sisi nasi huwachagua watu tukawakabidhi daftari na fedha za chama. Tuwaulize, nao wajiulize: wanasimama kwa ajili ya nani? Mwenye dhamana hukaa karibu na aliowekewa, na siku ya hesabu huirudisha nzima.