Bega Likitenguka, Usilivute

Hotuba iliyotolewa na mwanafunzi wa zamani siku ya mkutano wetu wa mwaka



Nimepewa dakika kumi nizungumze juu ya michezo na afya. Mimi si daktari. Ni mtumishi wa serikali, na chuo kikuu nilisomea uchumi. Lakini liko jambo moja la afya ambalo nimejifunza kwa gharama ya mtu mwingine, na mtu huyo amekaa humu ukumbini. Ameniruhusu nilieleze, ila nisimtaje jina.

Mwaka 1998 nilikuwa kiranja wa michezo. Jumatano moja katika mazoezi mlinda mlango wetu aliruka kuuwahi mpira, akaangukia mkono alioutanguliza. Bega likatoka. Tulimpeleka nyuma ya bweni, nikamwekea kisigino kwapani na kuuvuta mkono mpaka bega likalia "ko" na kurudi. Wenzangu wakanipigia makofi. Nami nikamwambia, "Usimwambie matroni. Jumamosi tuna nusu fainali." Jumamosi akacheza, tukashinda.

Njia ile ya kisigino haikuvumbuliwa bwenini kwetu. Imo katika maandishi ya Hippocrates, tabibu wa Ugiriki ya kale. Maandishi hayo hayo yanaeleza pia jinsi ya kuchoma kwapa kwa chuma cha moto, kwa wale ambao bega lao hutoka mara kwa mara. Basi tangu zamani ilijulikana kwamba kulirudisha bega ni kazi moja, na kulifanya likae ni kazi nyingine. Hiyo ya pili mimi sikuijua.

Mfupa wa mkono una kichwa cha mviringo kama chungwa. Nyonga imekaa ndani ya bakuli, lakini bega limekaa juu ya kisahani tu. Ndiyo maana mkono unazunguka kila upande, na ndiyo maana unatoka upesi. Kisahani hicho kimezungukwa na ukingo wa gegedu, mgumu lakini unaonepa, ambao madaktari huuita labramu. Ukingo huu huchangia karibu nusu ya kina cha kisahani, na kano zinazolizuia bega lisichomoke zimeshikizwa hapo. Bega likitoka kwa mbele, mara nyingi ukingo huo hung'oka. Daktari mpasuaji wa London, Blundell Bankart, aliueleza uharibifu huu mwaka 1923, na mpaka leo unaitwa kwa jina lake. Ukishang'oka, mara nyingi haushiki tena mahali pake vizuri. Kwa vijana walio chini ya miaka 20, tafiti nyingi zimeonyesha kwamba zaidi ya nusu yao bega hutoka tena.

Ndivyo ilivyokuwa kwa ndugu yetu. Kabla ya mtihani wa kidato cha nne lilitoka mara tatu. Alitamani sana kuwa askari. Siku ya majaribio lilitoka akiwa ananing'inia kwenye bomba, na ndoto yake ikaishia hapo. Akawa mwalimu. Siku moja likatoka mbele ya darasa, akiandika juu kabisa ya ubao.

Mwaka 2016 nilimsindikiza hospitali. Daktari alituambia kwamba ukingo ulioharibika huweza kushikizwa tena kwenye mfupa kwa kupitia matundu madogo yenye kamera. Lakini kwa ndugu yetu muda ulikuwa umepita: mfupa wenyewe wa kisahani ulikuwa umelika kwa kutokatoka huko. Ilibidi kipande cha mfupa wa jirani kihamishwe na kukazwa kwa skrubu, njia iliyoanzishwa na Mfaransa Michel Latarjet mwaka 1954. Mkono ulifungwa shingoni kwa wiki kadhaa, kisha yakafuata mazoezi ya miezi mingi. Tangu hapo bega halijatoka, ingawa mkono hauzunguki kama zamani.

Wazee wenzangu, msitoke hapa mkikimbilia kisu. Si kila ukingo uliochanika hupasuliwa. Wengi wa umri wetu wana michaniko ya namna hiyo bila hata kujua, na wengi wanaoumwa hupata nafuu kwa mazoezi ya kuimarisha misuli ya bega. Mwenye bega linalochomoka ndiye asichelewe.

Nanyi wanafunzi, shikeni haya. Mwenzenu akitenguka bega, msimvute. Huenda mfupa umevunjika, na mkivuta mtauharibu zaidi. Tena karibu na kwapa hupita mishipa ya damu na ya fahamu. Mfungeni mkono kwa kitambaa kama ulivyo, apelekwe hospitali apigwe picha. Akisema anahisi ganzi, mwambieni daktari. Na bega likisharudi, kazi haijaisha: apumzike, afanye mazoezi anayoelekezwa, na arudi uwanjani kwa idhini ya mtaalamu, si ya kiranja.

Ile nusu fainali tulishinda, lakini kombe hatukulipata, tulifungwa fainali. Hakuna anayekumbuka mabao yalikuwa mangapi. Bega la mwenzangu nalikumbuka kila nikimwona akivaa shati.

Ndugu yangu, nimekuomba radhi mara nyingi tukiwa wawili. Leo nakuomba radhi mbele ya shule, kwa sababu makofi niliyopigiwa siku ile nilipigiwa hapa hapa.