Kelly Clarkson na Nyimbo za Wenzake

Msikilizaji, mwanamuziki akipewa kipindi cha televisheni, watu hawakawii kusema ameuacha muziki. Wenye ulimi mkali zaidi husema muziki ndio umemwacha. Leo naipinga kauli hiyo, na shahidi wangu ni Kelly Clarkson wa Marekani, aliyeanza kuendesha kipindi cha mahojiano chenye jina lake mwenyewe mwezi Septemba 2019.

Clarkson ni binti wa Burleson, mji mdogo wa Texas. Alikwenda Los Angeles kutafuta njia ya kuimba, nyumba aliyopanga ikaungua moto, akarudi kwao kufanya vibarua. Ndipo akajitokeza kwenye usaili wa shindano jipya lililoitwa American Idol. Tarehe 4 Septemba 2002, akiwa na miaka 20, kura za watazamaji zikampa ushindi wa kwanza kabisa wa shindano hilo. Wimbo wake wa ushindi, A Moment Like This, ukaruka kutoka nafasi ya 52 hadi ya 1 kwenye chati ya Billboard, na hadi siku hiyo hapakuwa na wimbo uliofika kileleni kwa mruko mkubwa namna hiyo.

Hayo wengi mnayakumbuka. Kinachosemwa kwa nadra ni aina ya kazi aliyoifanya mle shindanoni. Wiki moja walipewa nyimbo za Motown, wiki nyingine nyimbo za bendi kubwa za zamani, na kila mara ilimpasa auchukue wimbo wa mtu mwingine, aujue kwa siku chache, aufupishe, kisha ausimamie mbele ya majaji na nchi nzima. Wanamuziki wa bendi zetu za hotelini wanaifahamu kazi hiyo. Wanaiita kopi, na walio nje ya fani huibeza. Mimi nasema wanakosea. Kukopi vizuri kunataka sikio kabla ya koo: usikie mwenye wimbo alivuta pumzi wapi, kwa nini alishusha sauti pale ambapo wewe ungepandisha, halafu uamue utamfuata hadi wapi.

Baadaye alitaka nyimbo zake. Albamu ya Breakaway ya mwaka 2004 ilimletea tuzo mbili za Grammy mwaka 2006, na angeweza kutulia hapo. Lakini albamu iliyofuata, My December ya mwaka 2007, alishiriki kutunga kila wimbo uliomo, na mvutano wake na mkuu wa kampuni ya muziki, Clive Davis, ukafika magazetini. Albamu hiyo iliuza kidogo kuliko iliyotangulia, na ziara iliyopangwa ikafutwa. Hata hivyo namheshimu kwa msimamo ule. Msanii aliyepatikana kwa kupigiwa kura hutarajiwa kushukuru na kutii maisha yake yote, naye alikataa.

Sasa tazameni alichofanya baada ya kuupata uhuru wake. Katika ziara ya mwaka 2012 alikuwa akipokea maombi ya mashabiki, na usiku mmoja hadi mwingine akiimba wimbo wa msanii mwingine waliomchagulia. Kipindi kilipokuja, akaifanya desturi hiyo kuwa mlango wa kuingilia: kabla ya salamu, kabla ya mgeni, anasimama na bendi yake na kuimba wimbo wa mtu. Sehemu hiyo inaitwa Kellyoke. Leo roki, kesho kantri, keshokutwa wimbo wa kijana aliyetoka juzi tu. Mamia ya nyimbo zimepita hapo, na mwaka 2022 akatoa sita kati yake kama rekodi kamili. Kazi ile ile ya shindanoni, ila safari hii hakuna jaji mezani.

Naamini uimbaji huo ndio unaomfanya awe mwendesha kipindi mzuri. Ni kweli huongea sana, na kicheko chake humkatiza mgeni mara nyingine. Lakini mwalimu wa shule au jirani aliyefanya jambo jema akikaa kwenye kiti kile, utaona Clarkson ameinamia maneno yake jinsi anavyoinamia wimbo asioutunga. Hajifanyi kuwa yeye ndiye habari. Tuzo za Emmy za vipindi vya mchana zimemjia zaidi ya mara moja, na sioni kama ni bahati.

Nayasema haya kwa sababu nasi tuna vijana waliopita mashindano ya uimbaji ya Bongo Star Search na Tusker Project Fame, wakaishia kwenye utangazaji. Wengi tunawaajiri kwa jina, kisha tunawapa karatasi ya maswali na kuwazuilia kile kilichotufanya tuwajue. Wakuu wa vituo wanaonisikia, ombi langu ni dogo na gharama yake mnaimudu: mpeni kijana huyo mpiga gitaa, mpiga kinanda na mpiga ngoma, na dakika mbili za mwanzo wa kipindi. Wimbo achague mwenyewe, au watazamaji wamchagulie.