Luteni aliyeikataa Iraq

Msikilizaji, taarifa za vita hutuhesabia wanajeshi wanaopelekwa; anayekataa kwenda hutajwa kwa nadra. Juni 2006, Luteni Ehren Watada wa jeshi la Marekani alikataa kuondoka na kikosi chake kambini Fort Lewis kwenda Iraq. Hakuwa mwoga, wala hakupinga kila vita: alikuwa tayari kwenda Afghanistan, jeshi likamkatalia. Alichosema ni kwamba vita vya Iraq ni haramu, na yeye, akiwa ofisa, hawezi kuwaongoza vijana kupigana humo.

Hapo ndipo sheria ilipombana. Mwaka 1971, Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kwamba sheria humlinda anayekataa vita vyote. Anayekataa vita fulani tu, hapana. Naupinga msimamo huo kwa moyo wote. Askari hufundishwa kukataa amri haramu, na katika kesi za Wanazi kule Nuremberg kusema "niliamriwa" hakukumwokoa mtu. Iweje basi aliyepima kwa dhamiri yake ashtakiwe?

Kesi ya Watada ilivunjika Februari 2007, akaachwa aondoke jeshini 2009. Sajini Camilo Mejía, aliyekataa kurudi Iraq kabla yake, alifungwa.