Kichwa Kikigongwa, Tazama Macho na Miguu
(Hotuba iliyotolewa ukumbini siku ya kukutana kwa wanafunzi wa zamani)



Nimetakiwa kusema machache juu ya kazi yangu ya tiba ya viungo. Nitashika jambo moja tu, maana kesho mnacheza mpira na sisi wazee, na nawajua vijana wa shule hii. Akigongwa kichwa atainuka, atapangusa magoti, atasema, "Niko salama, Mwalimu." Neno hilo lisikubaliwe.

Katika fainali ya Kombe la Dunia mwaka 2014, kule Rio de Janeiro, Christoph Kramer wa Ujerumani aligongwa kichwani dakika ya 17. Akaendelea kucheza. Baadaye akamwuliza mwamuzi kama ile ndiyo fainali! Alitolewa dakika ya 31. Ulimwengu mzima ulikuwa ukimtazama, madaktari wakiwa pembeni.

Mtikisiko wa ubongo si lazima mtu azimie, na mara nyingi hata picha ya CT haionyeshi kitu. Kilichovurugika ni utendaji. Macho, sikio la ndani, shingo na miguu hupeleka habari kwenye ubongo bila kukoma, nao huzipatanisha ndipo tukaweza kukimbia na bado tukaona dunia imetulia. Upatano huo ukivurugika, maandishi ubaoni hucheza, na kugeuka ghafla huleta kichefuchefu. Walimu, kijana wa namna hiyo msimwite mvivu kabla ya kumwuliza aliangukia wapi Jumamosi.

Mwaka 2014 wataalamu wa Pittsburgh, Marekani, walitangaza kipimo kisichohitaji mashine. Mgonjwa hutaja kwanza, kuanzia 0 hadi 10, kiasi cha maumivu ya kichwa, kizunguzungu, kichefuchefu na ukungu wa mawazo. Kisha hufuata kidole kwa macho, kichwa kimetulia. Hurusha macho upesi baina ya nukta mbili. Hutikisa kichwa huku amekazia macho herufi moja. Kila baada ya zoezi huulizwa tena zile namba, na zikipanda tumepata habari. Pia husogeza herufi ndogo kuelekea puani mpaka aione mbili. Ikigawanyika ikiwa bado mbali kuliko sentimita 5 au 6, macho hayakutani vizuri.

Miguu nayo ina kipimo chake. Vua viatu, shika kiuno, fumba macho, simama sekunde 20: miguu pamoja, kisha mguu mmoja, kisha kisigino mbele ya vidole. Tunahesabu makosa, kama kufumbua macho, kuachia kiuno au kupepesuka. Lakini mchezaji aliyechoka naye hupepesuka, ndiyo maana inafaa kujua alisimamaje siku alipokuwa mzima.

Tena, kufaulu si ruhusa ya kurudi uwanjani siku hiyo. Na anayetapika mara kwa mara, anayepata degedege, anayezidi kusinzia, mwenye shingo inayouma au mkono uliolegea, msimpime macho. Mpelekeni hospitali, shingo yake ikiwa imetulizwa. Ubongo ambao haujapona ukigongwa mara ya pili, huweza, ingawa ni nadra, kuvimba ghafla na kuua, na waliokufa hivyo wengi wao walikuwa vijana wa umri wenu.

Wengine hupumzika siku moja au mbili, kisha huanza kutembea taratibu. Kumfungia mtu gizani wiki nzima, kama ilivyokuwa desturi, hakumsaidii. Kizunguzungu kikikaa, yapo mazoezi ya macho na ya kusimama, na huponya wengi.

Bwana Mkuu wa Shule ameniruhusu kuandika hesabu ya kila mchezaji kesho saa moja asubuhi, kabla ya mechi. Njooni uwanjani pekupeku. Wazee nao watapimwa, na wenye vitambi tutawahesabia makosa kwa sauti.