Anga Linalosikika: Shaaban Robert, Siti binti Saad na Hoja ya Pazia



Niliombwa nizungumzie vitabu vya Kiswahili vilivyozaliwa na muziki, na vile vilivyozaliwa na anga. Aliyeniandikia barua alidhani hayo ni makundi mawili. Nilipoketi kuyapanga, nikamkuta mtu mmoja amesimama kote kuwili. Shaaban Robert ndiye aliyeandika Kusadikika, nchi iliyo angani, kitabu kilichochapishwa mwaka 1951. Ni yeye pia aliyeandika Wasifu wa Siti binti Saad, maisha ya mwimbaji wa taarab wa Unguja. Kitabu cha kwanza kila aliyepita sekondari hudai amekisoma. Cha pili hutajwa kwenye orodha ya kazi zake, kisha tunafunika ukurasa. Mtu yuleyule alivitaka vyote viwili kwa sababu gani? Swali hilo haliulizwi, na nadhani ninamjua anayelizuia mlangoni. Nitamwita hoja ya pazia.

Mnaifahamu hoja hiyo hata kama hamkuwahi kuisikia ikiitwa hivyo. Inasema kwamba Shaaban Robert aliihofia serikali ya Mwingereza, akaipandisha Tanganyika mawinguni ili wenye mamlaka wasiitambue. Anga likawa pazia. Ukishalifunua, kazi yake imekwisha. Ingia ndani, hesabu dhuluma, mtaje mkoloni, chukua alama zako. Imo katika miongozo ya mitihani inayotandazwa kando ya njia hapa Dar es Salaam, na imo, kwa lugha nzito zaidi, katika makala za watu ninaowaheshimu. Naomba radhi zao mapema.

Kama ni pazia, basi ni bovu. Ndani ya Kusadikika mna mfalme na mawaziri, mna baraza, na mna Karama aliyeshitakiwa kwa kutaka watu wafundishwe sheria. Waziri anayemshitaki anaitwa Majivuno! Maofisa wa kikoloni walifanyishwa mtihani wa Kiswahili. Ni ofisa gani aliyefaulu mtihani huo angeyasoma haya asijikune kichwa? Isitoshe, waliokichapa ni Thomas Nelson, kampuni ya Waingereza wenyewe. Anayejificha hamkabidhi ufunguo yule anayemkimbia. Wenzangu hunijibu kwamba Waingereza hawakuelewa walichokichapa. Huenda. Lakini hapo hoja imegeuka: mara mkoloni ni mkali wa kuogopewa, mara ni mjinga wa kuchezewa, kutegemea aya tuliyofikia.

Halafu, mapazia mengine yalikuwepo, tena ya bei nafuu. Mwaka 1952 kilitoka Adili na Nduguze, na humo Mfalme Rai anatawala Ughaibuni. Huko ni mbali, kwingine, kusikojulikana, na hakuna aliyelazimika kupaa. Hadithi zetu zina bahari, visiwa na majini, na mtunzi aliyezaliwa Tanga alikuwa nazo tele. Kama alihitaji umbali tu, umbali aliweza kuupata bila kuondoka ardhini. Aliyechagua kwenda juu alikuwa na haja ya juu.

Lakini pigo lenyewe limo kitabuni. Karama, akijitetea, anasimulia habari za wajumbe sita waliotumwa pande sita: mashariki, magharibi, kaskazini, kusini, mbinguni na ardhini. Ngojeni hapo. Nchi iko angani, na bado ina mbingu ya kupelekewa mjumbe? Ikiwa anga ni Tanganyika iliyofunikwa shuka, mbingu hii ya pili inafunika nini? Miongozo hupita hapo haraka kama daladala inayomkimbia trafiki. Wajumbe wanarudi, kila mmoja na habari za kuifaa nchi, na kila mmoja anatiwa gerezani, mpaka Karama anaposhinda kesi nao wakafunguliwa. Tazameni pia jinsi tunavyowafikia. Hatusafiri nao. Yupo mshitakiwa amesimama barazani, anasema, na wenye nguvu wamelazimika kukaa wamsikilize. Mbingu yote ya kitabu kile inatujia kwa sauti ya mtu mmoja aliye hatarini.

Hapo ndipo muziki unapoingia.

Kwa watu wa pwani, anga tangu zamani husikika kabla ya kuonekana. Usiku wa Miiraji waumini huketi wakasomewa habari za Mtume kupandishwa mbingu kwa mbingu, na tenzi zipo zinazosimulia safari hiyo kwa mahadhi. Mwezi wa Ramadhani huonwa na wachache, wengi wetu tunausikia. Kwa sisi wa Kariakoo siku hizi hata hiari hatuna, maana ghorofa zimepanda pande zote, na ukisimama Mtaa wa Swahili anga limebaki utepe. Habari ya mwezi wa Idi tunaingoja redioni.

Ugomvi wa wanamapokeo na wanamabadiliko, kama shairi lazima liwe na vina na mizani, wenzangu wa idara mnaujua, sitaurudia. Nitamtoa humo mtu mmoja tu, Sheikh Kaluta Amri Abedi, aliyekuja kuwa Meya wa Dar es Salaam. Katika Sheria za Kutunga Mashairi, mwaka 1954, alishikilia kwamba shairi lisiloimbika si shairi. Tumemcheka sana kwa hilo. Tukumbuke kwamba alikuwa akieleza jinsi watu wa kizazi chake walivyosoma: jicho lilipokea, koo likatoa. Shaaban Robert ni wa kizazi jirani, na nathari yake, kwa sikio langu, inatembea kwa mizani hata pale isipokuwa na vina.

Sasa nikifungue kitabu ninachokipenda, na nisipoangaliwa nitabaki humo mpaka mlinzi azime taa. Wasifu wa Siti binti Saad ni kitabu chembamba. Mtu wake mkuu alizaliwa kijijini Fumba karibu na mwaka 1880, akaitwa Mtumwa kabla ya kuitwa Siti. Kwao walifinyanga, naye akatembeza vyungu akivinadi, na yasimuliwa kwamba watu waliijua sauti kabla hawajauona uso. Akahamia mjini Unguja, akajifunza kuimba na ala, akaungana na wanamuziki kina Maalim Shaaban, Subeti, Mbaruku na Buda. Taarab ya kasri ilikuwa ikiimbwa kwa Kiarabu; yeye akaiimba kwa Kiswahili, kwa watu waliokisema. Mwaka 1928 alivuka bahari hadi Bombay kurekodi santuri. Tangu hapo sauti yake ikaenda peke yake. Akiwa amelala Unguja, anaimba Mombasa, anaimba Tanga, anaimba Dar es Salaam. Binti wa vyungu alikwisha kuimba hata mbele ya Sultani.

Shaaban Robert alikutana na Siti, Siti akiwa mzee. Siti akafariki mwaka 1950. Fikirini mambo ambayo mshairi yule angeweza kuandika: habari za masultani, mashekhe, machifu, na kwa kila mmoja angepata wa kumshukuru. Akamchagua mwanamke asiye na ukoo wa kutajwa wala mali ya kurithiwa, ambaye ngazi yake ilikuwa koo. Wapo wanaokiita kitabu cha sifa tu, chenye mawaidha mengi kuliko habari. Mawaidha yamo, sikatai, na kuna kurasa ambazo ningemwomba apunguze. Lakini mwandishi anapoipigia mstari kila hatua ya kupanda kwa sauti hiyo, anatueleza kilichomsumbua.

Wekeni sasa vitabu viwili ubavu kwa ubavu. Siti anatoka kwenye vyungu, sauti yake inapanda hadi kasri. Karama anatoka kizimbani, sauti yake inapanda hadi kwa mfalme. Shauri ni lilelile: mtu asiye na cheo atasikikaje na walio juu? Ninavyoamini mimi, anga la Kusadikika ni kimo ambacho sauti ya mnyonge inalazimika kukipanda. Ndiyo maana nchi ya angani ina mbingu juu yake. Daima yuko wa juu zaidi ambaye bado hajasikia.

Bibi yangu aliishi Mtaa wa Narung'ombe, na herufi za Kirumi hakuzijua. Nikiwa kijana nilimsomea Kusadikika barazani jioni, kitabu chenyewe nimekinunua hakina jalada. Nilipofika kwa mjumbe wa mbinguni nikasoma kama nilivyofundishwa shuleni, mbiombio. Akanizuia. Akataka nisome kwa kituo, kama wasomavyo maulidi, na nilipofanya hivyo muuza kahawa akatua deli lake. Bibi hakuniuliza kamwe waziri Majivuno ni nani katika serikali. Aliuliza kama Karama atasikilizwa. Mwenzangu mmoja ameniambia kwamba bibi si ushahidi. Kweli, lakini na mtunga mwongozo je?

Nipime pia yanayonielemea. Sisemi Siti ndiye aliyeizaa Kusadikika. Tarehe hazinipi ruhusa hiyo, kwa kuwa kitabu huandikwa kabla ya kuchapwa. Mwaka uleule wa 1951 ndipo redio ya Sauti ya Dar es Salaam ilipoanza, na sauti za watu zikaanza kutujia hewani kwa Kiswahili. Ninavutiwa mno na jambo hilo, lakini nalo ni sadfa na ninaliacha palepale. Ukoloni umo kitabuni, na msomaji asiyeuona amelala. Madai yangu ni kwamba dhuluma inayoshitakiwa humo ni ya masikio. Wajumbe wale wanafungwa kwa sababu ya habari walizorudi nazo, na Karama anashinda siku ile baraza linaposikiliza mpaka mwisho. Hilo lilimhusu mkoloni, na linamhusu yeyote aliyekikalia kiti baada yake, pamoja na sisi wenye vipaza sauti jioni hii. Vijana wachuuzi wa Mtaa wa Kongo wamerekodi bei zao kwenye spika, zinanadi zenyewe kutwa, na hakuna anayegeuza shingo. Siti angewapa ushauri.

Ombi langu kwa wanaopanga vitabu vya shule ni dogo: Wasifu na Kusadikika vifundishwe muhula mmoja, na sura ya mbinguni isomwe kwa sauti darasani kabla mwalimu hajasema lolote kuhusu Waingereza. Amebaki mjumbe aliyetumwa ardhini. Huyo nimehangaika naye sana na hataki kukaa katika hoja yangu. Wenzangu wa pazia wakimtaka, wamchukue.