Haki Isiyoandikwa: Hotuba juu ya Mashauri ya Zabuni za Uvuvi



Nimepewa heshima ya kusema nanyi siku hii ambayo Chama chetu Kikuu kinatimiza miaka kumi. Wengi wenu ni wakulima, wala hamtupi nyavu. Huenda mkastaajabu nikiwachukua hadi kwenye ziwa la wavuvi wa Bara Hindi. Lakini shauri lililowapata wavuvi wale lakihusu kila chama ambacho riziki ya wanachama wake yategemea mali ya umma, iwe maji, msitu, malisho au ardhi ya Serikali. Mali hiyo inapotangazwa kwa zabuni, ni nani astahiliye kupewa: mwenye fedha nyingi, au mwenye kuishi kwayo?

Ziwa lenyewe ni Chilika, katika jimbo la Orissa, ambalo tangu mwaka 2011 laitwa Odisha. Liko kando ya bahari, na maji matamu ya mito huchanganyika humo na maji ya chumvi. Kwa hiyo lina samaki, kaa na kamba kwa wingi. Zamani sehemu za ziwa hilo zilikuwa milki ya mabwana wakubwa wa ardhi, nao waliuza haki ya kuvua.

Mwaka 1951 ilitungwa sheria ya kuziondoa milki hizo. Wakati huo watu kadhaa walikuwa na mapatano na Raja wa Parikud, nao walikuwa wamemlipa fedha nyingi ili wavue katika sehemu maalumu za ziwa. Milki ya Raja ilipoingia mikononi mwa Serikali mwaka 1953, Serikali ilikataa kuyatambua mapatano yale, ikakusudia kuinadi upya haki ya uvuvi. Watu wale wakapeleka madai yao mbele ya Mahakama ya Juu ya India.

Hukumu ilitolewa mwaka 1955 na Jaji Vivian Bose. Alieleza kwamba haki ya kuingia katika maji ya mwingine na kutwaa samaki si sawa na kununua kikapu cha samaki sokoni. Ni haki iliyoshikamana na ardhi yenyewe, nayo haihamishwi kwa maneno ya mdomo, bali kwa hati iliyoandikwa na kusajiliwa. Wadai hawakuwa na hati. Walikuwa na ahadi tu. Basi wakashindwa. Wazee wetu walikwisha kusema: mali bila daftari huisha bila habari.

Mwaka 1959 kilianzishwa chama cha kati cha ushirika wa wavuvi. Badala ya kunadi maji kwa kila ajaye, Serikali ilikikodisha chama hicho, nacho kikavipangisha vyama vya msingi vya vijijini. Utaratibu huo ulikuwa mwema, maana mvuvi maskini hakulazimika tena kushindana peke yake na mfuko wa tajiri.

Lakini katika miaka ya 1980 bei ya kamba katika masoko ya nje ilipanda, na wenye mitaji wakalikazia macho ziwa. Wengine walipitia mlango wa nyuma. Vyama vya msingi vilivyolemewa na madeni vilianza kuwapangisha matajiri maji yao wenyewe. Jina la chama lilibaki katika hati, bali faida ilikwenda kwingine. Adui wa nje hangeingia kama mwenye nyumba hangemfungulia.

Mwaka 1991 Serikali ya jimbo ilitoa utaratibu mpya, ikatenga maji ya kuvulia na maji ya kufugia kamba. Na katika hayo ya kufugia, mlango ulifunguliwa kwa watu wasio wavuvi. Vyama vya msingi, kile cha Kholamuhana kikiwa mbele, vilikwenda Mahakama Kuu ya Orissa. Katika hukumu ya mwaka 1993 Mahakama ilitambua kwamba wavuvi wa asili wanastahili kulindwa, ingawa haikuufuta utaratibu wote. Mwezi wa Desemba 1996 Mahakama ya Juu ilikataza ufugaji wa kamba wa kibiashara ndani ya mita 1,000 kutoka ziwa la Chilika. Hata hivyo mabwawa ya magendo hayakwisha, na mwezi wa Mei 1999, baada ya wavuvi kuyabomoa baadhi yake, watu wanne waliuawa kwa risasi za polisi katika kijiji cha Sorana. Hukumu isiyotekelezwa ni karatasi tu.

Mabwana na Mabibi, zabuni si jambo baya. Ikitangazwa hadharani na kufunguliwa mbele ya watu, huzuia upendeleo na rushwa. Lakini zabuni inayouliza bei peke yake imekwisha kumchagua tajiri kabla bahasha hazijafunguliwa. Mahakama ya Juu ya India yenyewe, katika ushauri wake wa mwaka 2012, ilisema kwamba mnada si njia pekee ya halali ya kugawa mali ya asili. Serikali yaweza kuchagua njia nyingine, mradi iwe ya haki na yenye kuleta manufaa ya umma.

Kwa hiyo nawasihi mambo matatu. Kwanza, kila haki ambayo chama kinaitumia iandikwe, isajiliwe, na nakala yake ihifadhiwe mahali ambapo kila mwanachama aweza kuiona. Pili, masharti ya zabuni yasomwe na kupingwa mapema, kabla mshindi hajatajwa, maana aliyenyamaza wakati wa masharti hulia wakati wa matokeo. Tatu, na hili ndilo kubwa, Halmashauri yoyote isithubutu kumwazima mfanyabiashara jina la chama. Siku tutakapofanya hivyo, hatutakuwa na la kumweleza hakimu, wala la kuwaeleza watoto wetu.

Nawatakia sikukuu njema, na miaka kumi mingine yenye hesabu safi.