Neno la Mtaani Bila Tarehe: Funzo kutoka Kamusi za Misimu za Kiingereza na Kifaransa

Mada kwa warsha ya watunga kamusi na wafasiri



Barua ya mwaliko ilinitaka nianze na fasili, basi tuzimalize. Misimu ni maneno yanayozuka katika kundi fulani la watu, yakavuma kwa muda, kisha yakafa au yakapokewa na wote. Lugha ya mazungumzo ni pana zaidi, nayo ni ile mtu aisemayo asipokuwa mbele ya wakubwa. Haya kila mmoja hapa aliyajua tangu kidato cha tano. Muda uliobaki nitautumia kwa jambo moja ambalo nimelileta katika vikao vingi vya kamusi. Kila kikao hulisifu, hulipeleka kwenye kamati, na huko hulala. Niseme pia mapema kwamba maoni haya ni yangu, wala si msimamo wa taasisi iliyonileta.

Jambo lenyewe ni hili. Neno la mtaani likiingizwa kamusini bila tarehe wala mfano halisi wa matumizi, msomaji hana njia ya kujua kama lingali hai, kama lilikufa kabla baba yake hajazaliwa, au kama halikuwahi kutamkwa na mtu yeyote zaidi ya mtunga kamusi.

Waingereza wamepitia adha hii kwa zaidi ya miaka 400. Katika miaka ya 1560 Thomas Harman, hakimu wa amani wa Kent, alichapisha kitabu cha kuwaonya watu juu ya matapeli na wazururaji, ndani yake akaweka orodha ya maneno yao. Mwaka 1608 Thomas Dekker akayatumia yale yale. Wengine wakafuata, kila mmoja akimnakili aliyemtangulia, na mwishoni mwa karne ya 17 mtu aliyejificha nyuma ya herufi B.E. akakusanya urithi huo kuwa kamusi kamili ya lugha ya matapeli. Francis Grose alipotoa yake mwaka 1785, maneno ya wazururaji wa enzi ya Malkia Elizabeth wa Kwanza yalikuwa bado yamo, yakiwa yamekaa bega kwa bega na maneno ambayo Grose, aliyekuwa kapteni wa mgambo, aliyasikia kwa masikio yake. Kwa msomaji wa 1785 yote yalikuwa na sura moja. Lipi lilisemwa wiki iliyopita na lipi lilizikwa karne mbili nyuma, kitabu hakisemi.

Ufaransa mambo hayakuwa tofauti. Kijitabu cha Ollivier Chereau kuhusu lugha ya ombaomba, cha miaka ya 1620 na 1630, kiliendelea kuchapwa upya huko Troyes na kuuzwa na wachuuzi muda mrefu baada ya ombaomba wale kutoweka. Mwaka 1837 Vidocq, mfungwa wa zamani aliyegeuka mkuu wa wapelelezi wa Paris, akatoa kitabu chake juu ya wezi na maneno yao. Mwaka 1901 ikaja kamusi iliyobeba jina la Aristide Bruant, mwimbaji wa vilabu vya Montmartre, nayo ilipangwa kutoka Kifaransa sanifu kwenda misimu. Maana yake ilimfaa zaidi mtu anayetaka kuandika kihuni kuliko anayetaka kuwaelewa wahuni.

Hakimu, mpelelezi, mwimbaji wa klabu: waliokusanya ndio walioamua mtaa usikike vipi. Nasi tusijitoe. Kamusi ya Sheng, lugha ya vijana wa mijini Kenya, ya Mbaabu na Nzunga, iliyotolewa na TUKI (Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili) mwaka 2003, kazi yenye faida kubwa, katika jina lake dogo iliihesabu Sheng kuwa lugha ya magenge. Sijui ni watoto wangapi wa Eastlands, Nairobi, wangejitambua hapo.

Dawa ilianza kupatikana pale watunga kamusi walipokubali kuonyesha ushahidi. John Farmer na W. E. Henley walitoa juzuu 7 za kamusi ya misimu ya Kiingereza kati ya 1890 na 1904, wakiweka nukuu zenye miaka. Walilipa gharama yake. Wachapaji waligoma kuchapa maneno machafu, Farmer akawashtaki mwaka 1891, akashindwa. Eric Partridge, kwa kamusi yake maarufu ya 1937, alirudi nyuma kidogo. Alikuwa msomaji wa ajabu, lakini mara nyingi aliridhika kutaja karne tu, na asili za maneno alizikisia kwa ujasiri ambao sisi wengine tungenyimwa shahada kwa ajili yake. Kwa Kifaransa, Gaston Esnault mwaka 1965 alifanya kinyume. Kamusi yake ya kihistoria ni kavu, lakini kila neno lina mwaka na mara nyingi lina msemaji wake: askari, mfungwa, mchinja nyama. Jacques Cellard na Alain Rey wakafuata mwaka 1980 na nukuu tele.

Kazi hii ni ghali, sitaki kuificha hoja hiyo kwa sababu wajumbe wa fedha wamo humu. J. E. Lighter alianza kamusi ya kihistoria ya misimu ya Marekani. Juzuu ya A hadi G ilitoka 1994, ya H hadi O ikatoka 1997, kisha mchapishaji akasimama. P hadi Z hatukuziona. Lakini Jonathon Green alitoa juzuu 3 za kamusi yake ya misimu mwaka 2010, na mwaka 2016 akaziweka kwenye intaneti zikiwa na nukuu zaidi ya 400,000. Mtu mmoja na wasaidizi wachache. Kwa hiyo ninapoambiwa kwamba haiwezekani, nauliza kimeshindikana kitu gani hasa.

Mfano mmoja wa Kifaransa unaonyesha kwa nini mwaka si pambo. Vijana wa vitongoji vya Paris hugeuza silabi za maneno. Kwa njia hiyo neno *arabe*, yaani Mwarabu, likawa *beur*, na mwaka 1981 kulikuwa tayari na redio ya Paris yenye jina hilo. Magazeti yakalidaka, wanasiasa wakalitumia, kamusi kubwa zikalipokea. Likishakuwa mali ya wote, vijana wakaligeuza tena likawa *rebeu*. Mfasiri wa leo akikuta *beur* kwenye riwaya anahitaji kujua ni kinywa cha mwaka gani. Kamusi nyingi za lugha mbili humpa alama ya "misimu" na kumwacha hapo.

Kuhusu alama zenyewe nitakuwa mfupi. Kifaransa kina alama ya lugha ya watu wa chini na alama ya lugha ya kirafiki. Ya kwanza hupima tabaka la msemaji, ya pili hupima mahali na wakati wa kusema. Kiingereza hutumia zaidi ya pili. Kuzilinganisha moja kwa moja ni kosa la kila siku, na kamusi zetu huzibana zote ndani ya kifupisho kimoja.

Sasa nyumbani. *Daladala* lilizaliwa vituoni Dar es Salaam miaka ya 1980, na wengi husema limetokana na "dala", jina la mtaani la shilingi 5. Leo ni Kiswahili sanifu kabisa, mwalimu hulipa alama ya vema kwenye mtihani. Ukiuliza liliandikwa wapi kwanza, mwezi gani, na nani, kamusi zetu zinanyamaza. Reuster-Jahn na Kießling mwaka 2006 walikusanya maneno na misemo 1,100 ya lugha ya mitaani ya Tanzania, wakaeleza na vyanzo. Ni aibu kidogo kwamba mfano bora tulionao ulihaririwa Ulaya. Katika mradi mmoja niliowahi kushiriki, tarehe zote tulizokusanya ziliondolewa hatua ya mwisho ili kuokoa kurasa. Niliambiwa zitawekwa toleo lijalo.

Wapo wanaosema intaneti imetuondolea kazi. Urban Dictionary, iliyoanza 1999, kweli huonyesha siku ambayo maana imewekwa. Lakini aliyeweka anaweza kuwa amelibuni neno usiku ule ule ili amcheke rafiki yake. Siku ya kuandika maana si ushahidi wa matumizi.

Mapendekezo yangu, ambayo baadhi mmeyasikia, ni haya. Kila kidahizo chenye alama ya misimu kipewe mwaka wa ushahidi wa kwanza tulionao, hata kama tunajua ni wa kuchelewa. Mtaa husema kabla ya kuandika, na mwaka wa kuchelewa ni bora kuliko kukosa mwaka. Kila kidahizo cha namna hiyo kiwe na nukuu moja halisi, si sentensi iliyotungwa ofisini ya Juma na Asha. Pale ushahidi ni wa mdomo, iandikwe siku, mahali, umri na kazi ya msemaji, bila jina lake.

Vyanzo tunavyo. Majarida ya katuni kama Sani, magazeti ya udaku, na nyimbo za Bongo Fleva tangu mwisho wa miaka ya 1990 ni hazina yenye tarehe tayari. Maktaba ziombwe zisiyatupe majarida hayo kwa kuyaona ya kihuni. Alama ya misimu igawanywe mara mbili, ya kundi na ya mahali pa kusemea. Neno lililokufa lisifutwe, liandikwe kwamba limekufa na lini lilisikika mwisho. Maneno machafu yaingie kwa utaratibu ule ule, na kama kuna hofu ya shule, pawe na toleo la shule. Wakusanyaji watoke pia miongoni mwa makondakta, mafundi na wanafunzi, wasiwe wahadhiri peke yao. Na tarehe zisiondolewe kuokoa kurasa. Narudia hili nikijua nimeshalisema: toleo la intaneti halina kurasa.

Mwisho, naomba sekretarieti iamue leo, kabla ya chakula cha mchana, nani atatunza kadi za ushahidi mradi ukishafungwa. Zile za mradi wa zamani ziko kwenye maboksi, na ofisi iliyozihifadhi imehamishwa.